Barua ya wazi kwa Mthamini Mkuu wa Serikali: ile X ya ukutani iandikwe na tarehe

Mheshimiwa Mthamini Mkuu, shikamoo, na pole na majukumu.

Nakuandikia hapa wazi maana jedwali la fidia, yaani orodha ya wanaolipwa na kiasi cha kila mmoja, halilipwi mpaka lipite mezani kwako, na jambo lenyewe sio la mama yangu peke yake. Njia ya umeme mkubwa imepangwa kupita shambani kwake, watu wa mradi walikuja wakapima, wakahesabu mikorosho mmoja mmoja, wakampiga picha amesimama mbele ya nyumba kashika kibao cha namba, wakachora X nyekundu ukutani wakasema usiendeleze chochote kuanzia leo. Huu mwaka wa tatu. Bati la chumba cha nyuma linavuja na anaogopa kulibadilisha, mikorosho mitatu imekufa hajapanda mingine, akienda kuuliza anaambiwa mama subiri, hela inakuja.

Naomba nieleweke, hatukatai umeme. Bwawa la Nyerere lina megawati 2,115, na umeme ule hauwezi kufika popote bila nguzo kupita kwenye mashamba ya watu, na mkuza, yaani ile njia inayoachwa wazi chini ya nyaya, wa laini ya kilovolti 400 unakula zaidi ya mita 50 za upana, hilo tunalijua. Kinachotuumiza ni hiki kipindi cha kati ya X na hela, ambapo ardhi ni yako ila huwezi kuigusa.

Na sheria ipo jamani. Ibara ya 24 ya Katiba inalinda mali ya mtu, Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka fidia kamili, ya haki na kwa wakati, na Sheria ya Uthamini ya 2016 inasema ikipita miezi sita tangu uidhinishe bila malipo riba inaanza kuhesabiwa, na ikifika miaka miwili uthamini wenyewe umeisha muda wake, urudiwe. Sasa nakuuliza kwa heshima zote, ni nani kijijini anaijua siku uliyoidhinisha? Saa ya sheria inaanza kuhesabu kwenye tarehe ambayo mwenye shamba haambiwi. Hata ukienda kwa wakili swali lake la kwanza ndio hilo hilo, jedwali liliidhinishwa lini, na wewe mkononi una namba ya kibao tu, hiyo kesi unaifunguaje?

Kuchelewesha hakumsaidii hata mwenye mradi. Majirani zetu Kenya, mitambo 365 ya upepo kule Ziwa Turkana ilikuwa tayari 2017 ikakaa bila kuingia kwenye gridi mpaka 2018 kwa kukosa laini ya Loiyangalani mpaka Suswa, na migogoro ya ardhi njiani ilikuwa moja ya sababu.

Ninachoomba ni kidogo. Pembeni ya kila X iandikwe tarehe ya uthamini, na ukishaidhinisha jedwali, tarehe hiyo ibandikwe ofisi ya kijiji pamoja na majina na kiasi cha kila mtu, kwa Kiswahili, na kila mmoja apewe nakala yake aende nayo nyumbani.

Mvua zinakaribia na mama anataka kujua kama apande mikorosho mipya au asipande. Namba ya kibao chake ninayo, nikiitwa nitaileta.