Risala ya Klabu ya Sanaa kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Maonesho ya Picha, Ujiji, Kigoma

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Shule, walimu, wazazi wetu na wanafunzi wenzetu, shikamooni.

Karibu Ujiji, karibu mwisho wa reli. Tunakushukuru kwa kuacha majukumu yako na kuja kuona kazi za mikono yetu.

Mheshimiwa, mwaka huu tulijifunza kazi za Wangechi Mutu, msanii aliyezaliwa Nairobi mwaka 1972. Yeye hafungwi na aina moja ya sanaa. Hukata picha za magazeti na kuzibandika upya hadi azae mwanamke mpya kabisa. Hutengeneza sanamu, hutengeneza video. Mwaka 2019 sanamu zake nne za shaba, za wanawake walioketi, ziliwekwa mbele ya jumba la makumbusho la Metropolitan, New York, kwenye vishubaka vilivyokuwa vitupu tangu 1902.

Habari hiyo ilitugusa kwa sababu sisi wa Ujiji tunajua maana ya kuchorwa na wengine. Anayesoma habari za mji huu hukutana na ile picha ya Stanley na Livingstone wakisalimiana mwaka 1871. Nyuma yao watu wamejaa, wala hakuna anayetajwa jina. Tulipoitazama darasani, mwenzetu akauliza, "Yule wa pembeni ni babu wa nani?" Maonesho haya yalianzia hapo.

Kila mwanachama ametengeneza sura yake mwenyewe kwa vitu vya nyumbani kwao. Tunakuomba usimame mbele ya picha ya tatu kutoka mlangoni. Ni ya msichana wa kidato cha pili. Uso ni vipande vya vitenge vya mama yake, nywele ni nyuzi za wavu wa dagaa uliochakaa. Doa la mawese pale pembeni ameliacha kwa makusudi, maana mawese ndiyo yanayomlipia daftari. Ukisogeza sikio utamsikia bibi yake akibembeleza mtoto kwa Kiha. Ni simu ya mwalimu mlezi, imefichwa nyuma ya picha. Midomo aliikata kwanza kutoka kwenye tangazo la vipodozi. Juzi jioni akaibandua, akasema, "Huyu si mimi." Hiyo unayoiona sasa ameifinyanga kwa udongo wa ziwani.

Gundi ilituishia wiki ya kwanza. Tukapika ya unga wa muhogo, na mende wakatafuna picha mbili kabatini. Wapo wazazi walioona tunapoteza muda wa masomo. Tunawaelewa, na tumefurahi mno kuwaona leo mstari wa mbele.

Mheshimiwa, tunaomba gundi, karatasi za manila, na spika ndogo ili tumrudishie mwalimu simu yake. Lakini ombi letu kubwa ni utusemee, picha hizi zitundikwe japo wiki moja katika makumbusho ya hapa Ujiji, karibu na sanamu za Livingstone na Stanley. Chini ya kila picha tumeandika jina la mwenyewe na la bibi au babu yake, kwa wino usiofutika.

Tunaomba kuwasilisha.

Imesomwa na katibu wa klabu, kwa niaba ya wanachama.