Barua kwa Mwanangu Aliyeanza Kazi ya Kamera

Wete, Pemba

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum. Ama baada ya salamu, barua yako imenifikia, na jambo moja lililomo ndani yake limenifanya nishike kalamu leo hii hii. Umeniandikia kwamba wenzako huko mjini wanakuhimiza uchague: ama uwe mpiga picha, ama mhariri, ama mwongozaji, kwa kuwa, wasemavyo wao, anayeshika kila kitu hajulikani kwa lolote. Mimi nakuomba usichague bado.

Mtazame Mohamed Amin, ambaye sisi watu wa rika langu tulikua tukiziona picha zake. Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, na mwaka 1963, angali kijana, akaanzisha Camerapix, kampuni yake ya picha na filamu, huko huko Dar es Salaam. Alipiga picha za magazeti, akapiga filamu za habari za televisheni, na baadaye akatoa vitabu na filamu za hali halisi. Alipofika Korem, Ethiopia, mwezi Oktoba 1984, na kuipiga ile njaa iliyokuja kuutikisa ulimwengu, alikuwa ameishika kamera kwa zaidi ya miaka 20, na alikwishajua asimame wapi na atulie vipi mbele ya mtu aliye taabani. Ujuzi huo ulitokana na zile kazi ndogo ndogo za mwanzo ambazo leo hakuna anayezikumbuka.

Sasa niseme juu ya filamu yako fupi ya wachambuaji karafuu. Sehemu ya bibi yako akitenganisha karafuu na makonyo, yaani vijiti vyake, kiganjani nimeirudia mara nyingi, kwa sababu kamera imetulia juu ya vidole vyake mpaka kishada kizima kimekwisha, wala hukuwa na haraka ya kuhamia kwingine. Hapo nimeuona mkono wa mpiga picha wa kweli. Lakini sauti imemezwa na upepo, na ule mlio mdogo wa karafuu ikiachana na konyo lake, ambao kila mtoto wa Pemba anaujua, haumo kabisa. Aliyewahi kukaa kwenye meza ya uhariri akaitafuta sauti kama hiyo akaikosa, safari nyingine hatasahau kuivisha maikrofoni kinga ya upepo, na ataiacha kamera iendelee sekunde kadhaa baada ya tendo kwisha, ili mhariri apate pa kukatia. Ndiyo maana nataka uhariri mwenyewe unachokipiga, angalau katika miaka hii ya mwanzo.

Usione haya kupiga harusi. Bibi harusi huingia ukumbini mara moja tu, taa ni mbaya, watu wanapita mbele yako, na huwezi kumwambia mtu arudie. Nawe ni mwanamke, kwa hiyo unaruhusiwa kuingia katika shughuli za kina mama ambazo mpiga picha mwanamume haingii. Hiyo ni amana kubwa mno, mwanangu: usichokipatia idhini ya wenyewe usikionyeshe popote, hata kama ndiyo picha nzuri kuliko zote ulizonazo.

Ama kuhusu kuipeleka filamu ya karafuu kwenye Tamasha la Filamu la Nchi za Jahazi, lililoasisiwa mwaka 1997 na linaloonyesha filamu pale Ngome Kongwe, Forodhani, Unguja, rai yangu ni kwamba usubiri mpaka uje kuirekodi sauti upya. Bibi yako amekubali kukaa tena jamvini, asubuhi mapema kabla upepo haujaanza kuvuma, na sharti lake ni moja: aione yeye kwanza, kabla ya watu wa Forodhani.

Mama yako anakusalimu sana.

Akupendaye,
Baba yako