Mtazameni Keaton na nyumba yake

Mhariri,

Ukurasa wenu wa filamu unasifu vichekesho vya ndoa vya siku hizi, kelele tupu. Mimi ni seremala. Nawashauri wasomaji watafute One Week, filamu ya mchekeshaji Buster Keaton, ya mwaka 1920, isiyo na sauti.

Maharusi wanazawadiwa nyumba ya kuunganisha, vipande vimo kwenye masanduku yenye namba. Hasidi aliyemkosa bibi harusi anazibadilisha. Basi mlango wa ghorofani unafungukia hewani! (Nimewahi kuona kazi za namna hiyo, na mafundi walilipwa.) Dhoruba inaizungusha nyumba kama pia. Bibi harusi, Sybil Seely, yeye anachora mioyo ukutani.

Wakiihamisha, nyumba inakwama relini. Treni ya kwanza inaikosa. Ya pili inaisambaratisha. Keaton, ndiye bwana harusi, anaweka kibao cha kuiuza, na maelekezo ya ujenzi juu yake.

Fundi seremala,
Morogoro