Kupimwa uzito kabla ya kupanda ndege si tusi

Ndugu Mhariri,

Msomaji wenu mmoja ameandika kwamba alidhalilishwa kwenye kiwanja cha ndege cha Arusha. Aliambiwa apande mzani na begi lake mkononi, mbele za watu, kisha begi la pili likaachwa. Akauliza: ndege ya mamilioni ya dola inashindwaje na begi la kilo 12? Naomba nimjibu. Mimi si rubani. Nimeendesha semitrela kati ya Dar es Salaam na Tunduma kwa miaka 22, na jibu lake nililipata mlima Kitonga.

Gari langu la mwisho lilikuwa na injini yenye nguvu za farasi 420. Ukiitaja namba hiyo kijiweni, vijana wanapiga mluzi. Sasa lijaze mpaka tani 56, halafu gawanya: unapata farasi saba na nusu kwa kila tani. Bodaboda ya farasi 10 yenye dereva na abiria wawili, jumla tuseme kilo 350, ina farasi 28 kwa tani. Ndiyo maana mlimani inakupita na abiria wake anakupungia mkono. Kwenye mwinuko wa asilimia 6, gari hilo likijaa halizidi kilomita 27 hivi kwa saa hata ukanyage mafuta mpaka mwisho. Lipunguze hadi tani 35, litapanda kwa 43. Injini ni ileile.

Safari moja, tajiri niliyekuwa namfanyia kazi alituongezea magunia tulipokwisha kupita mizani. Kitonga, kwenye kona, gari likagoma. Gia ya kwanza, injini inalia, na hatusogei hata shubiri. Utingo akaruka na jiwe kwenda kulikinga tairi la nyuma, nami nikawa namsikia tu akipiga kelele, "Bado! Bado, mzee!" Mpaka leo nikipita pale miguu inakumbuka.

Ndege haikingwi kwa jiwe.

Wengi tunadhani injini ndiyo inayoinua ndege. Chukua Boeing 737-800: ikijaa ina tani 79, lakini msukumo wa injini zake mbili kwa pamoja ni sawa na tani 24 tu hivi. Kazi ya injini ni kuisukuma mbele mpaka upepo unaopita kwenye mabawa utoshe. Mabawa ndiyo yanayobeba. Ukiongeza mzigo, ndege inahitaji kasi kubwa zaidi ndipo ibebeke, na kwa kuwa msukumo haukuongezeka, kasi yenyewe inachelewa kuja. Unaumia mara mbili. Kwa ndege ndogo, uzito ukizidi kwa asilimia 10, urefu wa njia inayohitajika kurukia unaongezeka kwa asilimia 20 hivi.

Na kiwanja chenyewe cha Arusha kiko juu, karibu mita 1,400 kutoka usawa wa bahari. Hata joto likiwa sawa na la Dar, hewa ya pale ni pungufu kwa asilimia 15 hivi, na jua la saa nane mchana linaipunguza zaidi. Mabawa yanapungukiwa hewa ya kuyabeba, pangaboi nalo linapungukiwa ya kusukuma. Begi la ndugu yetu lilikuwa moja, sawa. Lakini abiria 12 wakija kila mmoja na kilo 12 za ziada, hizo ni kilo 144: watu wazima wawili ambao rubani hakuwahesabu.

Kuhusu kudhalilishwa, hapo niko upande wake. Nami nilipimwa hivyo hivyo nilipokwenda kumwona binti yangu, na namba nyekundu za mzani zilielekezwa kwenye foleni nzima. Mama aliyekuwa mbele yangu alivua viatu, kilemba, mpaka bangili, watu wakicheka. Waugeuze ule mzani umwangalie karani peke yake. Na kile kiwango cha mzigo cha kilo 15 kwa abiria kiandikwe kwenye tiketi kwa herufi zinazosomeka, mtu asije kukijulia mlangoni akiwa na zawadi za wajukuu mkononi.

Dereva mstaafu,
Makambako