Balozi kuitwa nyumbani si kuvunja uhusiano

Ndugu Mhariri,

Miaka nimewasoma nikinyamaza, ila kile kichwa cha habari cha Ufaransa "kuvunja uhusiano" na Italia mwaka 2019 kimenishinda. Uhusiano ule haukuvunjika hata kwa saa moja.

Januari 21 mwaka huo Paris ilimwita wizarani balozi wa Italia, baada ya Naibu Waziri Mkuu wa Italia, Luigi Di Maio, kudai Ufaransa inaifukarisha Afrika kwa faranga ya CFA, sarafu ya nchi kadhaa zilizokuwa makoloni yake. Hiyo ni ngazi ya chini: balozi anaitwa, anasomewa malalamiko, anarudi ofisini kuandika ripoti. Februari 5 Di Maio akavuka mpaka kukutana na waandamanaji wa vizibao vya njano, wapinzani wa serikali ya Ufaransa, na Februari 7 Ufaransa ikamwita balozi wake kutoka Roma kwa mashauriano. Februari 15 alikuwa amerudi kazini. Siku nane!

Balozi anayeitwa kwa mashauriano hahamishi samani. Hati zake za utambulisho zinabaki halali, na akirudi haziwasilishwi upya. Kwa kifungu cha 19 cha Mkataba wa Vienna wa 1961 kuhusu uhusiano wa kibalozi, jina la kaimu balozi hupelekwa wizara ya mambo ya nje ya nchi mwenyeji na kazi inaendelea, pasi za raia zikitolewa kama jana. Kumfukuza balozi ni habari nyingine: kifungu cha 9, mwenyeji anamtangaza hatakiwi, wala halazimiki kutaja sababu. Kuvunja uhusiano ni habari ya tatu kabisa: kifungu cha 45, ubalozi unafungwa, jengo na nyaraka vinaweza kukabidhiwa nchi ya tatu ambayo mwenyeji ameikubali. Wafaransa na Waitalia walifika huko Juni 10, 1940, Mussolini alipotangaza vita. Ninyi mmepika vyote chungu kimoja, kisha mkasahau kwamba Novemba 26, 2021 hao hao walitia saini Mkataba wa Quirinale wa ushirikiano, unaotaka waziri wa nchi moja aketi kwenye baraza la mawaziri la mwenzake walau mara moja kila miezi mitatu.

Halafu mkauita ubalozi wa Ufaransa "ardhi ya Ufaransa katikati ya Roma". Ardhi ipi? Ubalozi ni ardhi ya mwenyeji. Kifungu cha 22 kinamzuia tu kuingia bila idhini ya mkuu wa ubalozi. Tena mfano mmeuchagua vibaya: Palazzo Farnese, jengo la ubalozi huo, ni mali ya dola la Italia, na Ufaransa ni mpangaji pale tangu 1936, kwa mkataba wa miaka 99 na kodi ya jina tu.

Chukueni nusu karatasi, mwandike kwa wino mwekundu: KAITWA, KAFUKUZWA, WAMEVUNJA. Ibandikeni juu ya birika la chai, maana huko ndiko dawati la kimataifa linakopatikana.

Msomaji wenu,
Dar es Salaam