Freddie Highmore hakuzimika, alikuwa shule

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi niseme machache kuhusu makala ya ukurasa wenu wa burudani juu ya Freddie Highmore, mwigizaji Mwingereza. Mwandishi wenu ana kalamu nzuri, ila kwenye mfupa wenyewe amepita juu juu. Anasema kijana huyo alitamba utotoni, kisha akazimika miaka kadhaa, mwisho bahati ikamrudia kwenye televisheni. Hakuzimika. Alikuwa anasoma.

Jambo hili linanigusa kwa sababu ndilo linaloniweka mjini. Naishi huku Uingereza na kazi yangu ni kusindikiza watoto wanaoigiza. Nina kibali cha halmashauri. Mtoto akiwa lokesheni, yaani pale filamu inapopigwa, bila mzazi wake, mimi ndiye ninayekaa naye, ninayejua kala nini, kapumzika saa ngapi na kama yale machozi ni ya mchezo au ni ya kweli. Na ndiye ninayeshika saa.

Hiyo saa ni sheria. Tangu sheria ya mwaka 1963, mtoto, tangu azaliwe hadi amalize umri wa shule ya lazima, anahitaji leseni ya halmashauri ya anakoishi kwa kazi nyingi za aina hii. Kanuni zinazotumika England sasa ni za mwaka 2014. Mtoto wa miaka 9 na kuendelea haruhusiwi kukaa kazini zaidi ya saa 9 na nusu kwa siku, na kuigiza kwenyewe kusizidi saa 5. Wa chini ya miaka 5 anakaa saa 5 tu, na kuigiza saa 2. Akiwa kazini siku ya shule, lazima apate masomo, na kipimo cha kawaida ni saa 3. Kwa hiyo pembeni ya zile taa na nyaya utakuta kichumba chenye meza, mwalimu na daftari la hesabu, na mtoto aliyevaa nguo za mfalme wa kale anahangaika na hesabu za nusu na robo.

Watu hawapendi saa yangu. Jioni, mwongozaji ameshapata mwanga anaoutaka, atakuja kwa upole: "Mama, mara moja tu, dakika kumi." Nasema hapana. Chumba kizima cha watu wazima kinanigeukia, na kila mmoja anajua dakika hizo ni pesa. Mtoto naye ananinunia, maana yeye anataka kuendelea kuliko wote! Watoto hawa wanapenda kazi kupita kiasi, ndiyo maana hawaachiwi waamue wenyewe.

Sasa turudi kwa Highmore. Alizaliwa London tarehe 14 Februari 1992, na filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1999. Mwaka 2004 alikuwa mtoto Peter katika filamu ya Finding Neverland, pamoja na Johnny Depp. Ile sehemu ya mwisho wamekaa kwenye benchi, mtoto analia na hulioni pozi lolote usoni pake, mimi huwaonyesha wasindikizaji wapya. Siwaonyeshi ili wasifie kipaji. Nataka wafikirie alilia vile mara ngapi siku ile, na nani alikuwa anamngoja nyuma ya kamera. Depp ndiye aliyempendekeza kwa Charlie and the Chocolate Factory, iliyopigwa studio za Pinewood, nje kidogo ya London, ikatoka 2005. Zikafuata Arthur and the Minimoys, August Rush, na mwaka 2008 The Spiderwick Chronicles alimocheza mapacha wawili peke yake.

Hapo ndipo mwandishi wenu anaposema alizimika. Alikwenda Chuo Kikuu cha Cambridge, chuo cha Emmanuel, kusoma Kiarabu na Kihispania. Na hata humo hakukaa kimya: Desemba 2010 BBC ilimwonyesha katika filamu ya Toast, akicheza ujana wa Nigel Slater, mwandishi wa mapishi. Tamthilia ya televisheni ya Bates Motel ilipoanza kuonyeshwa mwaka 2013 alikuwa bado hajamaliza chuo. Huyo ni mtu aliyefutika?

Kuna jambo jingine ambalo makala haikuligusa kabisa, nami nisiposema nitakuwa nawadanganya wazazi wanaosoma gazeti hili. Baba yake ni mwigizaji. Mama yake, Sue Latimer, ni wakala wa waigizaji, na miongoni mwa aliowasimamia ni Daniel Radcliffe, yule wa Harry Potter. Nyumbani kwao mkataba ulisomwa na mtu anayejua kuusoma. Wengi wa watoto ninaowasindikiza hawana mama wa aina hiyo. Wana mama aliyeomba ruhusa kazini na anaogopa kuuliza swali kwenye ofisi ya watayarishaji. Kipaji wanacho, na wengine wanacho tele. Mwandishi anapoita haya "bahati", sawa, lakini aseme ni bahati ya namna gani.

Kuhusu Bates Motel nitasema kwa ufupi kwa sababu inanitisha, sijaimaliza. Ni misimu 5, sehemu 50, na yeye ni Norman Bates kijana, yule muuaji wa filamu ya zamani ya Psycho. Kilichonifurahisha ni kwamba humo aliandika sehemu moja ya msimu wa nne na akaongoza nyingine katika msimu wa tano. Mtoto aliyekuwa anaambiwa asimame wapi sasa ndiye anayewaambia wengine. Hilo kwangu lina uzito kuliko ile orodha ya tuzo mliyochapisha.

Tamthilia ya The Good Doctor ilianza Septemba mwaka huohuo wa 2017 Bates Motel ilipokwisha, ikaenda misimu 7 hadi 2024. Alicheza Daktari Shaun Murphy, mpasuaji mwenye usonji (autism), na baadaye akaongoza baadhi ya sehemu. Si kila mtu alimpigia makofi. Baadhi ya watu wenye usonji walihoji kwa nini nafasi hiyo apewe asiye nao, na hoja yao ina haki ya kusikilizwa. Katika msimu wa mwisho aliingia Kayla Cromer, mwigizaji ambaye mwenyewe ana usonji, akicheza mwanafunzi wa udaktari. Makala yenye kurasa mbili ingepata nafasi ya mistari mitatu kwa jambo hilo.

Mwisho, Mhariri, naomba msahihishe kichwa cha habari. The Good Doctor mmeiita "tamthilia ya Kiingereza iliyomrudisha nyumbani". Hiyo ni ya kituo cha ABC cha Marekani, imetokana na tamthilia ya Korea Kusini ya mwaka 2013, na ilipigwa Vancouver, Kanada. Hospitali ya kwenye hadithi iko San Jose, California. Kilichokuwa cha Uingereza humo ni yeye mwenyewe, na hata lafudhi aliificha.

Mama Salma,
Reading, Uingereza