Barua kwa mhariri: Mnamhukumu kocha Robinson kwa misimu mitatu?

Mhariri, salamu kwako na kwa wasomaji wenzangu.

Naandika kwa ajili ya ile barua ya msomaji mliyoitoa juzi, aliyesema Eddie Robinson, kocha wa futiboli ya Kimarekani wa chuo cha Grambling, aliliharibu jina lake mwenyewe kwa kung'ang'ania timu mpaka uzeeni, eti angeondoka mapema angekumbukwa vizuri zaidi. Nimeisoma mara mbili nikashindwa kunyamaza. Mimi niko Dallas mwaka wa 14 sasa, nilikuja huku futiboli ya Kimarekani siijui kabisa, ule mpira wa umbo la yai, na aliyenifundisha ni mzee mmoja tuliyekuwa tunashusha naye mizigo kwenye ghala, yeye alisoma Grambling, na kila sheria ya mchezo alikuwa ananieleza kupitia habari za kocha wake. Kwa hiyo hili jambo linanigusa, siwezi kusema uongo.

Huyo Robinson amezaliwa 1919 kule Louisiana, wazazi wake watu wa hali ya chini kabisa, baba analima shamba la mwenzake kwa kugawana mavuno. Akasoma, akamaliza chuo, lakini kazi ya ukocha kwa kijana mweusi wakati ule ungeipata wapi, ikabidi aingie kiwanda cha chakula cha mifugo Baton Rouge kwa senti 25 kwa saa. 1941 ndo akapata Grambling, chuo kidogo cha weusi huko kaskazini mwa jimbo, ana miaka 22. Na usidhani alipewa wasaidizi na ofisi, alikuwa kocha peke yake, majani ya uwanja anakata yeye, mistari anachora yeye, wachezaji vifundo vya miguu anawafunga bandeji yeye, mechi ikiisha anakaa chini anaandika habari ya mechi ili apeleke magazetini maana waandishi walikuwa hawaji. Msimu wa kwanza alishinda 3 akapoteza 5. Wa pili, 1942, alishinda zote 9 na hakuna timu iliyopata hata pointi moja kwake. Hata moja!

Sasa kitu ambacho ndugu msomaji hakukigusa kabisa ni hiki, vyuo vikubwa vya Kusini mwa Marekani vilikuwa havichukui wachezaji weusi, Alabama yenyewe ya kocha Bear Bryant mpaka mwanzoni mwa miaka ya 70 ndo weusi wakaanza kuichezea. Kijana mweusi wa Louisiana mwenye kipaji alikuwa anakwenda kwa Robinson au kwenye vyuo vingine kama chake, na timu za kulipwa zilikuwa haziji huko kuangalia. Ye ndo akazifungua hizo njia. Tank Younger alienda timu ya Rams 1949, mchezaji wa kwanza kutoka chuo cha weusi kuingia NFL, ile ligi kuu ya kulipwa, halafu wakafuata kina Willie Davis, Buck Buchanan, Charlie Joiner, jumla zaidi ya 200. Na Doug Williams, jamani, kotabeki, yule anayeongoza mashambulizi na kurusha pasi, ile nafasi ambayo watu walikuwa wanasema waziwazi mweusi hana akili ya kuicheza, Januari 1988 kwenye Super Bowl, fainali ya NFL, akarusha pasi nne za kufunga ndani ya kota moja, yaani robo ya mechi, timu yake ya Washington wakashinda 42 kwa 10 na mchezaji bora wa mechi akawa yeye. Huyo alilelewa na Robinson.

Oktoba 1985 Robinson alimpita Bryant, aliyekuwa na rekodi ya ushindi mwingi, kwa ushindi wake wa 324, na ilikuwa hapahapa Dallas, uwanja wa Cotton Bowl, dhidi ya chuo cha Prairie View. Yule mzee wangu wa ghalani alikuwepo, akinisimulia huwa anasimama.

Haya, tuje kwenye hiyo misimu ya mwisho. Ilikuwa mibaya, sibishi. 1995 alipata ushindi wake wa 400 lakini timu ilipoteza mechi nyingi kuliko ilizoshinda, 1996 ikashinda 3 tu kati ya 11, 1997 vilevile. Lakini mbona hatuulizi kwa nini? Wale vijana ambao zamani walikuwa hawana pa kwenda sasa wanafuatwa nyumbani na vyuo vyenye viwanja vya watu elfu themanini, vilevile vilivyowafungia mlango baba zao, Grambling ingeshindana nao kwa pesa gani? Na 1996 walipotaka kumtoa, watu wengi walisimama na kudai aongezewe msimu mmoja aage vizuri, hata gavana wa Louisiana alikuwemo. Labda kweli angepumzika mwaka mmoja au miwili kabla, hapo nakubaliana na ndugu yangu nusu. Ila kumwekea mtu misimu mitatu juu ya ushindi 408, sio haki hata kidogo. Na kiti alimwachia Doug Williams huyohuyo.

Alikuwa anapenda kusema rekodi yake ya kweli ni kuwa na kazi moja na mke mmoja, bi Doris. Alifariki 2007, miaka yake ya mwisho alikuwa anaumwa ule ugonjwa wa kusahau.

Ombi langu mhariri, mkiandika tena juu ya makocha wa vyuo andikeni na habari za bwenini. Robinson alikuwa anapita vyumbani alfajiri na kengele ya ng'ombe mkononi anawaamsha wachezaji, waende darasani, na safarini kila mtu koti na tai. Mzee wangu hakucheza hata mechi moja, alikaa tu bweni moja na wachezaji. Kastaafu sasa, hana pa kuwahi, na bado anaamka saa kumi na moja, anasema ni ile kengele.

Msomaji wenu,
Dallas, Texas